Kofia ya Mechi Moja

Diploma yangu imetundikwa sebuleni, Kigoma, juu ya televisheni, mahali ambapo mgeni hawezi kukaa bila kuiona. Ni ya uuguzi msaidizi. Niliipata Stockholm, kwa Kiswidi, lugha niliyoanza kujifunza nikiwa na miaka thelathini na moja, mchana nikisoma na alfajiri nikifagia ofisi za Kista. Wapo tulioanza nao darasa, waliozaliwa na Kiswidi mdomoni, wakaishia njiani. Mimi nilimaliza. Niliondoka nyumbani na cherehani ya kuazima, nikarudi na nyumba ya vigae na cheti chenye muhuri. Waliokuwa wakiniita fundi viraka sasa wananisalimia kabla sijawaona.

Lakini watu wakiniuliza habari za huko, kumbukumbu inayokuja kwanza si siku ya kupokea diploma. Ni kofia kuukuu ya mchezaji mpira, na bibi mmoja wa Ireland aliyenitaka niishone.

Nyumba ya wazee niliyofanyia kazi ilikuwa Rissne. Mimi nilipanga Hjulsta, mwisho wa laini ya bluu, ambako hata ukisinzia baada ya zamu hupotei, maana treni haina pengine pa kwenda. Bibi huyo alikuwa na miaka tisini na kitu. Aliletwa Sweden na ndoa akiwa msichana, akaongea Kiswidi maisha yake yote ya utu uzima, kisha uzee ukaanza kumnyang'anya lugha hiyo neno kwa neno. Asubuhi moja aliamka akawajibu wahudumu kwa Kiingereza cha kwao, cha mbio, na hakurudi nyuma tena. Mkuu wetu wa zamu akaniita ofisini.

"Wewe unajua Kiingereza?"

"Kiingereza, Kiswidi, Kiswahili na Kiha," nikamjibu. "Uchague tu."

Ndivyo nilivyopewa chumba chake. Waswidi huitana majina, hata mtoto na babu yake, lakini mimi ulimi wangu ulikataa. Nilimwita Bibi. Aliuliza maana yake, nikamweleza, akalitafuna neno mara mbili tatu. "Afadhali," akasema. "Humu ndani kila mtu ananiita kama vile tulisoma pamoja."

Ukutani kwake palikuwa na sanduku la kioo, na ndani yake kofia ya mahameli ya rangi ya bluu iliyopauka, yenye kishada kilichobaki nyuzi chache. Mbele ilitariziwa herufi moja kwa uzi wa fedha uliokuwa umegeuka mweusi. Ilikuwa ya babu yake. Alinieleza siku ya kwanza, na ya pili, na ya tatu.

Babu huyo alicheza mpira enzi za Malkia Victoria. Siku za kazi alikuwa kwenye kiwanda cha kitani mjini Belfast, na Jumamosi alifanya kazi hadi mchana, akala mkate njiani, akaenda uwanjani kucheza beki. Zama hizo aliyeitwa kuchezea nchi hakupewa fedha wala medali. Alipewa kofia, na kwenye kofia walitarizi herufi ya kwanza ya nchi aliyocheza nayo msimu ule. Wapinzani wa Ireland walikuwa watatu: Uingereza, Uskoti na Welisi. Mwaka uliofuata alivuka bahari kwenda Uingereza, kwa sababu huko walikuwa wameanza kulipa wachezaji hadharani. Baada ya majira mawili ya baridi goti likaharibika. Akarudi kwao akichechemea, lakini hakurudi mikono mitupu: alifungua duka la chai na tumbaku, na kofia akaitundika nyuma ya kaunta.

Nilimpenda mzee yule bila kumwona. Nilijua hasa alivyosimama nyuma ya kaunta ile.

"Wateja walikuwa wakimuuliza: mechi ngapi?" Bibi alisimulia. "Naye anasema: tatu! Nilikuwa na miaka minane, nakaa juu ya gunia la sukari, nasema naye kwa pamoja: tatu!"

"Na herufi je? Naona moja."

"Nyingine mbili zilidondoka. Uzi wa zamani ule."

Mwanawe, mwanamume wa miaka sitini hivi aliyekuwa mhandisi wa kompyuta huko Kista, alikuja kila Jumatano na keki ya mdalasini. Alikuwa mtu mpole. Ndiye aliyeleta habari kwamba klabu ndogo kule Ireland, ile aliyoichezea babu kabla ya kuondoka, inakusanya vitu vya zamani, na imeandika kuomba kofia. Bibi alikubali palepale. Mwanawe akaifungua kofia kutoka kwenye kioo kwa bisibisi, akaiweka mezani, akasema atakuja kuichukua baada ya wiki mbili.

Hapo ndipo mdomo wangu uliponiponza. Siku chache kabla nilikuwa nimempindia Bibi mapazia, na katika kupinda nilimweleza mimi ni nani. Nilimwambia kwamba kabla ya diploma nilikuwa fundi, na si fundi wa kubahatisha. Nimejifunza Ujiji kwa mama mmoja mtarizi wa kofia, aliyekagua kila kitobo kwa ncha ya kucha na kukufumulia kazi ya siku nzima kwa kosa moja. Nimeshona suti ya bwana harusi kwa usiku mmoja na ikamkaa kama amezaliwa nayo. Yote kweli tupu, wala sikuongeza chumvi.

Basi mwanawe alipoondoka, Bibi alinishika mkono.

"Fundi," akasema. Tangu siku ile ya mapazia aliniita hivyo. "Nirudishie zile herufi mbili."

"Bibi?"

"Uskoti na Welisi. Uzi nitakununulia. Ikienda na herufi moja, wataandika kwenye kadi: mechi moja. Nimemwambia mume wangu tatu, nimemwambia mwanangu tatu, walimu wake shuleni wameambiwa tatu. Watasema babu yangu alikuwa mwongo na mimi nimeubeba uongo wake mpaka Sweden."

Nilisema nitaitazama kwanza. Nikaichukua hadi dirishani, nikaigeuza kwenye mwanga.

Asiyejua kazi hii angeona kofia kuukuu tu. Lakini mahameli haisahau sindano. Ukiitoboa hata mara moja, manyoya yake hulala pale na hayasimami tena. Unaweza kufumua uzi, unaweza kupiga pasi ya mvuke, ukafa na wajukuu wakafa, tundu litabaki. Nilipapasa kuzunguka ile herufi moja. Kisha nikapapasa kushoto kwake, na kulia. Palikuwa laini kama shavu. Hapakuwa na kitobo hata kimoja. Nikaigeuza ndani, bitana ilikuwa imeachia upande mmoja, nikaweza kuona mgongo wa kitambaa. Nyuzi za herufi moja. Pengine popote, hakuna.

Hazikudondoka. Hazikuwahi kuwepo.

"Unaweza?" akauliza kutoka kitandani.

"Naweza," nikasema, na hilo nalo lilikuwa kweli. Herufi zile ningezitarizi kwa saa mbili, na hakuna mtu Ireland nzima angejua. Ningeufifisha uzi kwa chai na moshi wa mshumaa. Mikono yangu ilitaka kujaribu; fundi akiona kazi ngumu vidole vinamwasha.

Nikamwambia nitatafuta uzi unaofanana, nikatoka.

Saa ya kahawa nilikaa na mwenzangu wa zamu, mama wa Kikongo kutoka Bukavu, mkubwa wangu kwa miaka kumi, asiyeniheshimu hata kidogo.

"Kaka, leo umenyamaza," akasema. "Diploma imepotea?"

Nikamweleza. Alikata keki yake vipande vidogo.

"Shona. Herufi mbili tu! Mama mzee afurahi. Weye kila siku unajisifu unashonaka kuliko Wazungu, leo unaogopa sindano?"

"Siogopi sindano. Ni uongo, mama."

"Ah, uongo!" Alicheka mpaka akafuta macho. "Na kule kwenu Kigoma wanakuitaka nani? Si daktari? Mimi nilisikia mwenyewe kwenye simu yako: 'Shikamoo daktari!' Ukaitika, bwana. Ukaitika vizuri kabisa."

Akaniongezea: "Chema chajiuza, kaka. Kibaya chajitembeza."

Njiani kurudi Hjulsta nilisimama ingawa viti vilikuwepo. Mama yule alikuwa amenipiga palepale penye kidonda. Nikiwa bado masomoni, kwenye mafunzo ya vitendo, nilituma nyumbani picha nikiwa na vazi jeupe la kazi. Mtu mmoja kanisani akasema, kumbe amekuwa daktari. Mama yangu hakukanusha, nami niliposikia sikukanusha. Niliona nimeteseka vya kutosha, basi jina kubwa kidogo lina ubaya gani? Halafu mjomba wangu, mwenye kisukari, akapata kidonda mguuni. Shangazi akamwambia aende hospitali ya mkoa. Akasema, "Niende nikafanye nini, na mtoto wetu ni daktari wa Ulaya? Nasubiri neno lake." Alisubiri siku tisa. Mimi simu yangu ilikuwa imezimika nikiwa kwenye mitihani ya ile diploma. Niliporudi hewani nilipiga kelele aende leo hii. Alikwenda. Walimkata kidole gumba cha mguu, na mpaka jioni ile alikuwa hajui kwamba alimsubiri daktari asiyekuwepo.

Sijawahi kuiandika habari hiyo mahali. Naiandika hapa.

Keshokutwa yake nilikuja zamu na sindano, subana ya kukinga kidole na uzi wa fedha nilionunua mjini. Nilimwosha Bibi, nikamvisha, nikamkalisha kwenye kiti cha dirishani. Nikaweka kofia mapajani mwake.

"Bibi, ulipokuwa msichana ulifanya kazi gani kabla ya kuolewa?"

"Nilishona mashati. Kiwandani. Kola mia kwa siku, na mwanamke mmoja nyuma yetu akikagua."

"Basi wewe ni fundi mwenzangu." Nikakishika kidole chake nikakiweka juu ya herufi. "Papasa hapa. Unasikia sindano ilipopita?"

"Nasikia."

Nikakisogeza pembeni. Kidole chake kilikwenda chenyewe, polepole, kikarudi, kikaenda upande wa pili. Miaka yote kofia ile ilikuwa nyuma ya kioo. Nyumbani kwao palikuwa na kioo, kwa mumewe palikuwa na kioo. Nadhani ilikuwa mara ya kwanza kuigusa tangu utotoni.

"Macho yangu ni mabaya," akasema.

"Ni kidole, Bibi. Si macho."

Aliitupa kofia sakafuni. "Nilikuomba ushone! Sikukuomba unifundishe! Wewe ni nani? Toka!"

Niliokota kofia, nikaiweka mezani, nikatoka. Jioni mkuu wa zamu alisema Bibi ameomba mhudumu mwingine. Kwa siku nne chumba kile kilihudumiwa na mama wa Bukavu, ambaye Kiingereza chake kilikuwa salamu tu. Walielewana kwa mikono na kwa Kifaransa kidogo ambacho Bibi alikikumbuka kutoka shuleni. Mimi nilipita mlangoni na trei zangu bila kutazama ndani. Niseme ukweli, niliumia. Nilikuwa nimejiona mtu mwema, na sasa kizee cha watu hakitaki hata kula. Mara mbili nilikaribia kuingia na uzi wangu nikamalize kazi, yaishe.

Siku ya tano mama wa Bukavu alinikuta kwenye chumba cha mashuka.

"Nenda. Anakuita. Anasema 'fundi, fundi', mimi nimechoka."

Bibi alikuwa kitandani, kofia juu ya blanketi. Hakuniomba radhi, nami sikutegemea.

"Kaa," akasema. "Nimekuwa nikizisikiliza."

"Unasikiliza nini?"

"Zile mechi tatu, alivyozisimulia. Sikuwahi kuzisikiliza moja pembeni ya nyingine." Alifumba macho. "Ile ya Uingereza. Alisimulia mpira ulivyokuwa mzito kwa matope. Alisimulia bega la yule winga, lilivyomgonga hapa, kwenye mbavu, mara ngapi. Walifungwa vibaya, na kila bao alijua lilipitia wapi. Sasa ile ya Uskoti. Unajua alisimulia nini? Koti lake. Alisema siku ile alivaa koti jipya na mvua ikaliharibu. Na ya Welisi: treni, supu waliyokula, mwenzao aliyeumwa tumbo njia nzima kisha asubuhi akapona. 'Akapona, mshenzi yule,' alikuwa akisema, na sisi tunacheka." Alifumbua macho. "Fundi, mtu anayecheza hakumbuki koti."

Mimi mpira naujua. Nilicheza namba tatu shuleni na hakuna winga aliyenipita mara mbili. Nilielewa mara moja. Enzi zile hapakuwa na kubadilisha mchezaji. Wa akiba alisafiri na timu, akasimama kwenye mstari na nguo zake za nyumbani, na kama wenzake wote walikuwa wazima mpaka kipenga cha kuanza, basi kazi yake imekwisha. Anabaki kushangilia na kulowa.

"Alikwenda tatu," nikasema.

"Alikwenda tatu. Alicheza moja." Akaigeuza kofia juu ya blanketi. "Na ungekuwa wewe, nyuma ya kaunta, na goti bovu, mteja anakuuliza mechi ngapi. Ungeanza kueleza habari za koti?"

Nikamwambia kwamba nyumbani kwetu wananiita daktari. Nikamweleza na kidole cha mjomba. Sijui kwa nini nilimwambia yeye kabla ya mtu mwingine. Labda kwa sababu hakuwa na mtu wa kumwambia kwa lugha ile. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Babu yangu hakumdhuru mtu kwa zile mbili," akasema.

"Hapana, Bibi. Yeye hakumdhuru mtu."

"Basi wewe una haraka ya kujisahihisha kuliko mimi."

Alinitaka nichukue kalamu. Akanitamkia barua ya kwenda na kofia, kwa Kiingereza, nami nikaiandika kwa mwandiko wangu mzuri, maana mwandiko wangu pia husifiwa. Ilikuwa fupi. Ilisema babu yake aliichezea nchi mara moja, dhidi ya Uingereza, na mara mbili alisimama mstarini akiwa tayari. Kisha nikatoa sindano. Sikutarizi chochote. Nilirudishia bitana pale ilipoachia, kwa mishono midogo ambayo yule mama wa Ujiji asingeifumua, na kishada nikakifunga kisizidi kupukutika. Bibi alipapasa bitana kwa kidole gumba, akaguna kama mkaguzi wa kiwandani.

"Itapita," akasema.

Jumatano mwanawe alikuja na boksi. Mimi nilikuwa nikibadilisha mashuka, na Bibi aliniambia nisitoke. Aliongea naye Kiingereza, mwanawe akajibu Kiswidi, kama ilivyokuwa desturi yao. Mimi katikati nilielewa pande zote mbili.

"Mechi moja," Bibi alisema. "Si tatu. Nimekudanganya tangu ukiwa mdogo, ingawa sikujua."

Mwanawe alishika kofia bila kuifunga. Nilimwona akihesabu kitu kichwani.

"Nimewaambia watu wote ofisini tatu," akasema.

"Basi kawaambie moja."

"Na hiyo moja, walishinda?"

"Walichakazwa!" Bibi alikaa wima, sauti ikarudi ya mtoto wa juu ya gunia la sukari. "Lakini aliicheza yote. Mbavu zimevimba, hakutoka mpaka kipenga cha mwisho. Muulize babu wa mtu yeyote ofisini kwenu kama alifanya hivyo."

Mwanawe alicheka, akaizungushia kofia karatasi laini, akaweka barua juu yake.

Jioni ile, nilipofika Hjulsta, nilimpigia mjomba kabla sijavua viatu. Aliitika kwa furaha: "Daktari!" Nikamwamkia. Nikamwambia mimi si daktari, sijawahi kuwa, ni muuguzi msaidizi, nawaosha wazee, nawalisha, nawapa dawa alizoandika daktari. Nikamwambia na zile siku tisa. Nilimsikia akiburuta kiti, akakaa.

"Na hiyo diploma?" akauliza.

"Diploma ninayo, mjomba. Hiyo ni ya kwangu kabisa."

"Basi utakaporudi uje nayo," akasema. "Nitaisoma mwenyewe."

Nilirudi nayo. Alikuja na fimbo yake, akasimama mbele ya televisheni, akaisoma herufi kwa herufi ingawa Kiswidi hajui, kisha akanyoosha mkono akapitisha kidole juu ya muhuri.